Mama Anaatamia

Kipande cha udongo kilianguka kutoka juu ya mvule asubuhi, mvua ilipokatika, kikatua juu ya majani makavu hatua mbili mbele ya kigoda cha Namkunda. Hakikuwa kikubwa, kilijaa kiganjani tu. Alikiokota bila kufikiri, kama mtu anavyookota kitu kilichodondoka karibu yake kabla hajakumbuka kwamba si chake. Upande mmoja kilikwaruza, kimejaa punje za mbegu na kinyesi kilichokauka, udongo wa hondohondo wa siku zote. Upande wa pili kilikuwa laini. Na katikati ya ulaini huo palikuwa na alama ya kidole gumba cha mtu.

Namkunda akaweka gumba lake juu ya alama ile. Gumba lake lilikuwa dogo; alama ilikuwa ya mtu mwenye mkono mpana kuliko wake. Akatazama nyuma. Akatazama kushoto kwenye vichaka vya kangaga. Akatazama juu, ambako mbega watatu walikuwa wameketi na mikia yao myeupe imening'inia, wametulia mno kwa wanyama wasio na la kuficha. Kisha akakitia kipande mfukoni mwa koti lake la kazi, akakaa, akaendelea kutazama tundu lililozibwa kule juu ya shina, maana kutazama tundu ndiyo iliyokuwa kazi yake.

Msitu ule haukuwa na jina jingine. Waliouogopa waliuita Msitu, waliouhitaji waliuita Msitu, na walioajiriwa kuulinda waliandika neno hilohilo juu ya kila karatasi. Ulikuwa wa kale kiasi kwamba mivule yake ilikuwa imesahau kurefuka, ikabaki kunenepa tu. Chini yake mwanga ulifika umechoka, una rangi ya chai. Kulikuwa na kuvu waliotanda kwenye magogo, wapana kama sinia. Kulikuwa na vyura wadogo waliozaliwa na kufa ndani ya maji yaliyotuama kwenye majani bila kukanyaga ardhi hata siku moja. Kulikuwa na vinyonga wenye pembe tatu waliovuka tawi moja kwa asubuhi nzima, wakisita kila hatua kana kwamba wanasikiliza kama kuna anayewafuata. Namkunda naye alikuwa amejifunza kusita namna hiyo. Humo hakuna kilichokuwa kile kinachoonekana mara ya kwanza: jani liliruka likawa kipepeo, kijiti kilitembea, jiwe lilifumba jicho likawa chura. Mtu akikaa mahali kama pale muda mrefu huacha kuamini, na akiacha kuamini huanza kuona vizuri. Hapo ndipo taabu inapoanza, kwa sababu anayeona vizuri huulizwa alichoona.

Sababu ya Msitu kubaki umesimama ilikuwa imeandikwa kwenye ubao pale pa kuingilia: MAMA ANAATAMIA. HAPAINGIWI MPAKA ATOKE. Ilisimuliwa kwamba zamani watu wa Bondeni walipanda na mashoka na misumeno, wakaanzia kwenye mvule mkubwa kuliko yote, na kabla ya pigo la kwanza wakaona tundu juu ya shina, limezibwa kwa udongo, limebaki ufa mwembamba tu. Hondohondo dume alikuwa akileta matunda na kuyapenyeza humo. Walijua maana yake. Hondohondo jike akitaka kutaga hujifungia ndani ya mti, hukandika mlango mpaka nyoka asiweze kuingia wala yeye mwenyewe asiweze kutoka, na dume humlisha miezi mitatu na ushei mpaka vifaranga wakue. Watu wale walikuwa na mama zao. Waliona haya kumwangushia mama nyumba. Wakakubaliana wasubiri atoke, na wakamweka mtu mmoja aketi chini ya mti, awaambie siku atakapotoka.

Hajatoka. Hiyo ndiyo historia yote ya Msitu.

Miezi mitatu ilipita, ikapita mwaka, wakapita walinzi. Kila jioni mlinzi aliandika mstari mmoja kwenye daftari: Dume amekuja. Amelisha. Mama yumo. Hakuna jina la mlinzi lililoandikwa popote, na Namkunda alipofungua kurasa za nyuma hakuweza kuona mwandiko wake unaanzia wapi. Herufi zote zililala upande mmoja, kama nyasi zilizopitiwa na maji. Kuna siku alisoma ukurasa uliokuwa umeliwa na mchwa, wa kabla hajazaliwa, akakumbuka kabisa baridi ya jioni alipouandika.

Alipopokea kazi ile alimwacha binti yake, Nangasu, kwa dada yake kule Bondeni. Nangasu alikuwa na miaka sita. "Ndege akitoka nitarudi," alimwambia, na wakati ule ilikuwa ahadi fupi. Barua ya kwanza ya Nangasu ilikuwa na herufi nne kubwa na picha ya kuku. Barua ya mwisho, iliyofika kabla ya mvua hizi, ilisema mtoto wake wa pili ameota meno. Namkunda alizisoma zote mbili mfululizo na hakuweza kuapa kwamba kati yake kulikuwa na zaidi ya masika mawili.

*

Siku hiyo walinzi walipokusanyika kula chakula cha mchana, Namkunda hakutazama nyuso. Alitazama mikono. Msimamizi, Bwana Shemndolwa, alikuwa na vidole vifupi na laini, gumba lake kama punje ya maharage. Huyo hakuwahi kukanda udongo. Walinzi wawili wa mpakani walikuwa vijana, na alama ile ilikuwa kongwe, kingo zake zimelika. Alibaki Mzee Mbonea, mpishi, ambaye ndiye aliyekaa kwenye kigoda kabla yake kwa miaka kumi na mmoja. Mbonea alimpakulia ugali, na mkono wake ulikuwa mpana kama jani la myugwa. Kidole chake cha shahada cha mkono wa kulia kilikatwa na panga zamani. Kiliishia kwenye kifundo cha kati.

"Mbona huli?" Mbonea akamuuliza.

"Nakula, Mzee."

"Unanitazama mikono."

"Natazama ugali unavyopakuliwa."

Mbonea akacheka kidogo, akarudi kwenye sufuria zake. Lakini Namkunda aliona kwamba tangu hapo alishika mwiko kwa mkono wa kushoto.

"Bwana Msimamizi," Namkunda akasema, "udongo wa kule juu umeanza kubanduka."

"Udongo upi?"

"Wa tundu. Leo kimeanguka kipande."

Shemndolwa aliendelea kutafuna mpaka akameza. "Kiko wapi?"

Kipande kilimlemea mfukoni kama jiwe la mizani. "Kilisagika na mvua," akajibu, na akashangaa jinsi uongo ulivyotoka bila kukwama.

"Afadhali. Keshokutwa anakuja Mkaguzi kutoka Bondeni. Atakuuliza swali moja tu. Jibu unalijua."

"Nalijua."

"Hebu liseme."

"Mama yumo."

"Liseme kama mtu aliyemwona."

"Sijawahi kumwona, Bwana Msimamizi. Nimemwona dume tu."

Shemndolwa akamtazama kwa upole ambao Namkunda hakuupenda. "Hilo," akasema, "hakuna aliyekuuliza."

Alirudi kwenye kigoda chake na mawazo yakaanza kumjia vipande vipande, hakuna kilichomaliza kile cha kabla yake. Gumba lilipanda lini. Lilipanda kufunga au lilipanda kufungua. Kama lilifunga, nani alifungua kwanza. Dume hutema tunda moja moja, hulipenyeza ufani, na tunda halirudi. Kitu kinalipokea. Sijawahi kuona mdomo. Kila mlinzi aliandika yumo. Mimi niliandika yumo kwa sababu waliandika yumo. Je, na wa kwanza aliandika kwa sababu gani. Na huyu dume ni yuleyule, au naye ameajiriwa.

Aliutazama mvule na kwa mara ya kwanza ukaonekana kama mtu aliyesimama na mgongo ukutani. Mti wowote uliosimama muda mrefu una jambo ndani yake. Watu huita jambo hilo uzito, au utukufu, wakavua kofia mbele yake, na kuanzia siku ile hakuna anayeweza kubisha hodi bila kuonekana mkorofi. Tulimlinda nani hasa, Namkunda alijiuliza, yeye asionekane, au sisi tusione?

*

Kesho yake mchana, dume alipokwisha kulisha na kuondoka, na walinzi wa mpakani wamejilaza baada ya kula, Namkunda alichukua kamba ya kisima cha jikoni na kisu, akazunguka nyuma ya mvule. Hakuwahi kuzunguka huko. Kigoda kilikuwa mbele, na hakuna aliyemkataza. Ilikuwa tu haijafanywa. Alipapasa shina, akafunua kuvumwani iliyoota juu ya gome, na chini yake akakuta kidato kilichochongwa kwa shoka. Juu yake kingine. Vilipanda vyote mpaka juu, vimefichwa na majani ya mtambazi, kingo zake zimefumbwa na gome jipya kama midomo ya wazee.

Alizungusha kamba kwenye shina na kiunoni, akapanda. Kila alipopandisha kamba ilimbidi ashike kwa mikono miwili na kuachia miguu iamini vidato ambavyo hakuvichonga. Siafu walimpita mkononi bila kumng'ata, nalo hilo alilitilia shaka. Mbega hawakukimbia. Walisogea tu, wakampisha, kama watu wa foleni wanaomjua anayefuata.

Alipofika usawa wa tundu aliona ukuta wa udongo kwa karibu. Haukuwa ukuta mmoja. Ulikuwa matabaka, moja juu ya jingine, na kila tabaka lilikuwa na mikono yake. Lililokuwa juu lilikuwa na kiganja kipana, vidole vitatu vizima na kimoja kilichoishia katikati. Mahali lilipobanduka lilionekana la chini yake, lenye vidole vyembamba. Chini ya hilo, la mtu aliyevaa pete. Hakuona popote alama ya mdomo wa ndege.

Akaweka jicho kwenye ufa. Hakuona kitu. Alisikia harufu, na haikuwa ya kiota. Ilikuwa harufu ya shamba lililolimwa baada ya mvua. Kisha kitu laini kikamgusa kope. Alirudisha kichwa nyuma kwa nguvu mpaka kamba ikalia. Kwenye ufa kulikuwa kumechungulia ncha ya jani, jeupe kama karatasi.

Namkunda akapiga udongo kwa mpini wa kisu, tabaka baada ya tabaka, mpaka likapatikana tundu la kupitisha kichwa. Mwanga ukatangulia kuingia. Mvule ulikuwa mtupu ndani, mpana kama chumba cha kulala. Sakafu yake ilikuwa mbegu, mbegu juu ya mbegu, za miaka ambayo daftari halikuijua, na mbegu zilikuwa zimeota. Kila mti wa Msituni ambao dume alipata kula tunda lake ulikuwemo: mikuyu, mikangazi, mizambarau, na mingine ambayo Namkunda hakuwahi kuiona nje, labda kwa sababu nje imekwisha. Yote ilikuwa myeupe. Mashina meupe, majani meupe, membamba kama nyuzi, mirefu kupita umri wake kwa kutafuta mwanga, na yote, pasipo hata mmoja kubaki, ilikuwa imepinda upande mmoja kuelekea kwenye ufa ambako chakula kilitoka. Ilipinda kumwelekea yeye. Katikati yake fuvu la hondohondo jike lilisimama wima na mdomo wake mkubwa umekauka, na mzizi mmoja ulikuwa umepita kwenye tundu la jicho ukatokea upande wa pili, bila haraka.

Alikaa pale akining'inia kwenye kamba kwa muda asioujua. Hakulia. Alihisi kuonekana, kama mtu aliyefungua mlango wa ukumbi akakuta umati umenyamaza unamngoja aseme. Walikuwa wamelishwa kila siku, miche ile. Hawakuwahi kukosa. Hakuna aliyeweza kusema kwamba walidhulumiwa. Na hawakuwa na hata tone la rangi.

*

Mzee Mbonea alikuwa amekaa kwenye kizingiti cha jikoni akichambua mchele. Hakuinua uso.

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba. Hiyo kamba ya kisima ungeniomba tu."

"Ungeuliza ya nini."

"Nisingeuliza." Akatupa kijiwe pembeni. "Umemwona?"

"Nimeona mkono wako."

Mbonea alinyoosha mkono wa kulia, akautazama kama kitu alichoazima. "Nilipanda mwaka wangu wa tatu," akasema. "Au wa tisa, sikumbuki tena. Nilivunja kama ulivyovunja. Nikaiona ile miche imenigeukia. Nikaona haya, Namkunda, haya ambayo sijapata kuiona hata siku ya msiba wa mke wangu. Nikashuka, nikakanda udongo, nikapanda tena nikafunga. Nilifanya vizuri kuliko waliotangulia. Nilichanganya na kinyesi cha ndege ili ufanane."

"Na ukaandika yumo."

"Miaka yote iliyobaki. Halafu nikaomba kazi ya jikoni. Huku mtu akiuliza kama kuna chakula, unafunua sufuria unamwonyesha."

"Msimamizi anajua?"

"Shemndolwa hajui, kwa sababu anajua asipopanda hatajua. Ndiyo maana akawa Msimamizi."

Namkunda akachuchumaa mbele yake. "Kwa nini hukuniambia siku unanikabidhi?"

"Ningekuambia nini? Ukisema yumo, umesema uongo. Ukisema hayumo, wale wa Bondeni watakata mpaka mizizi. Nilijua ukipanda mwenyewe utafunga mwenyewe. Kila mmoja wetu alifunga." Akaelekeza kidevu chake kwenye kona ya jikoni, ambako beseni lilikuwa limefunikwa na gunia lililoloweshwa. "Tangu jana uliponitazama mikono nikajua. Nimekukandia. Uko tayari, laini kabisa."

Namkunda akainua gunia. Udongo ulikuwa umekandwa kwa ustadi, unang'aa, na juu yake Mbonea alikuwa ameusawazisha kwa kiganja, kama mtu anayemtandikia mgeni kitanda. Hapo ndipo hofu ilipompata hasa, kuliko kule juu kwenye kamba. Aliona mkono wake ukiingia humo. Aliona alama yake mwenyewe juu ya ile ya Mbonea, na mwanamke mwingine au mwanamume mwingine akiweka gumba lake juu yake na kuona linazidi au linapungua. Akaona barua nyingine ya Nangasu, na nyingine. Ndege akitoka nitarudi.

"Asante, Mzee," akasema, akalirudisha gunia mahali pake.

"Utakauka ukichelewa."

"Ukauke."

Mbonea akaacha kuchambua mchele. Alimtazama kwa muda mrefu, na Namkunda hakuweza kujua kama anamwonea huruma au anamwogopa.

*

Mkaguzi alifika asubuhi ya siku iliyofuata, amevaa viatu vya mpira na baibui lililopandishwa juu kidogo lisiguse tope. Jina lake lilikuwa Bi Mtumwa, mwanamke wa makamo mwenye miwani na mkoba wa ngozi. Shemndolwa alimtangulia akikata mitambazi ambayo haikuwa njiani. Walisimama chini ya mvule, na Namkunda akainuka kwenye kigoda.

"Hujambo, Mlinzi. Hii mara ya kumi na mbili tunaonana," Bi Mtumwa alisema.

"Sijambo, Mheshimiwa. Mimi ndiyo mara ya kwanza kukuona."

Bi Mtumwa alimtazama vizuri, akavua miwani, akaivaa tena. "Basi utanisamehe," akasema. "Kwangu mimi Mlinzi ni mmoja." Akatoa karatasi na kalamu. "Bondeni wanauliza: Mama yumo?"

Maji yalidondoka kutoka jani hadi jani. Shemndolwa alikuwa tayari anatikisa kichwa kukubali.

"Hayumo," Namkunda akasema.

Kalamu ilisimama. Shemndolwa akasogea kati yao. "Amekuwa na homa huyu mama tangu mvua zianze, Mheshimiwa, tulikuwa tunafikiria—"

"Sina homa. Alikufa zamani, kabla yetu sote. Nimepanda nimeona. Ndani kuna miche."

"Sema tena," Bi Mtumwa alisema, "kwa sauti ya chini."

"Hayumo."

Mkaguzi akaangalia njia aliyojia, kana kwamba Bondeni yote imesimama nyuma yake. "Unajua maji tunayokunywa kule yanatoka wapi?" aliuliza polepole. "Mimi najua. Nimepanda mara kumi na mbili kuuliza swali ambalo sikutaka lijibiwe. Kuna watu wana misumeno imetiwa mafuta, kila mwaka wanaitia mafuta. Neno moja la Mlinzi ndilo linalowazuia. Na wewe unataka kuniambia nini niwapelekee? Miche?"

"Panda uone, Mheshimiwa."

"Sipandi."

"Kamba iko hapa."

"Nimekuambia sipandi." Akaubana mkoba kifuani, na Namkunda akatambua kwamba mwanamke huyu pia alikuwa amefungiwa mahali, akilishwa jibu lilelile kupitia ufa.

Hapo mbawa zikasikika, mvumo ule mzito wa hondohondo unaofanana na mtu anayekung'uta mkeka. Dume alitua kwenye tawi lake. Koo lilikuwa limejaa. Wote watatu wakainua nyuso. Alirukia ukingoni, akatema kuyu moja kwenye ncha ya mdomo wake, akainama alipozoea kuukuta ufa, na ufa haukuwepo. Palikuwa na uwazi. Akarudisha kichwa nyuma. Akageuza jicho moja, akatazama ndani. Akageuza la pili, akatazama tena. Alitazama muda mrefu kuliko ndege anavyotazama kitu. Kuyu lilibaki mdomoni mwake, limekamatwa kwa uangalifu wa miaka yote ile.

Kisha akarusha kichwa juu, akalimeza mwenyewe.

Aliruka akapita juu ya vichwa vyao, hakutazama nyuma. Bi Mtumwa aliweka karatasi juu ya mkoba wake, akaandika kitu, si kirefu wala si kifupi, akaikunja karatasi mara nne kabla wino haujakauka. Namkunda alijaribu kusoma mwendo wa kalamu. Ungeweza kuwa neno moja, ungeweza kuwa matatu.

"Umeandika nini, Mheshimiwa?"

"Nilichoona," Mkaguzi akajibu, akaanza kushuka.

Shemndolwa alibaki nyuma kidogo. "Kesho utakabidhi kigoda," alisema, macho yake kwenye matope. "Daftari pia."

"Daftari chukua sasa. Kigoda sikabidhi mpaka aje wa kunipokea."

Hakuna aliyekuja kumpokea. Siku ya kwanza ikapita, ya pili ikapita. Mzee Mbonea alimletea chakula pale chini ya mti, akamwekea, akaondoka. Siku ya tatu akakaa. Walitazama juu pamoja. Mwanga wa saa nne ulikuwa unaingia tunduni moja kwa moja.

*

Siku ya nne walipanda wanaume watatu kutoka Bondeni na msumeno wa kushikwa na watu wawili. Yule wa mbele, mtu mrefu mwenye ndevu chache, alijitaja kwa jina la Kimweri, kwa heshima, kwa sababu alikuwa amelelewa vizuri.

"Shikamoo, mama. Tumeambiwa hayumo."

"Marahaba. Nani kawaambia?"

"Tumeambiwa tu."

"Hayumo kweli."

Kimweri akatazamana na wenzake. Walikuwa wamejiandaa kubishana, na sasa hawakujua waweke wapi maneno yao. "Basi tupishe, mama."

"Nitawapisha. Kwanza panda uone kilichomo."

"Kuna nini?"

"Sikuambii. Tumefika hapa kwa kuambiwa."

Mmoja wa wenzake, mfupi aliyefunga kitambaa kichwani, akasema kwa sauti ya chini kwamba ni mtego. Huyu mama katulia mno. Kimweri akauzunguka mti. Akaviona vidato, akavuta kamba mara tatu kwa nguvu kuona kama imekatwa mahali, akanusa mikono yake. Namkunda hakumlaumu. Yeye pia alikuwa anawapima: aliona yule mfupi anavyotazama unene wa shina, aliona wa tatu amekwisha chagua upande litakakoangukia. Hakuamini heshima yao, hakuamini kimya chao, na hakuamini kwamba jani lina nguvu ya kumzuia mtu aliyetembea nusu siku na msumeno begani.

"Nikipanda na msumeno?" Kimweri akauliza.

"Jaribu. Kamba inataka mikono miwili."

Alisita. Kisha akaulaza msumeno chini, juu ya majani, meno yakiwa yameelekea nje, akajifunga kamba kiunoni, akaanza kupanda. Mara tu miguu yake ilipopita usawa wa vichwa, Namkunda aliacha kigoda chake, akaenda taratibu mpaka ulipolala msumeno, akaukalia. Bati lake lilikuwa la baridi. Akakunja mikono mapajani, akawatazama wale wawili, mmoja baada ya mwingine.

Juu, kamba ililia, kisha ikanyamaza. Kimweri alikuwa ameingiza kichwa tunduni mpaka mabegani.

"Vipi huko?" yule mfupi akaita.

Jani moja dogo lilishuka likizunguka, likatua karibu na goti la Namkunda. Lilikuwa jeupe katikati bado, lakini kingo zake zilikuwa zimeanza kuwa kijani.

"Kimweri. Kuna nini?"

Sauti ya Kimweri ilipotoka ilikuwa ya mbali, kama ya mtu anayezungumzia ndani ya mtungi. "Njoo uone," akasema. "Njoo wewe mwenyewe."

Yule mfupi akautazama msumeno. Akamtazama mwanamke aliyeukalia, ambaye hakuonyesha kuwa atainuka. Akatema mate pembeni, akafungua kitambaa kichwani, akainama na kuanza kuvua viatu.